Kiboko Wakili Dhidi ya Bata Mwizi

Jumatatu, 5 Machi 1923
Vita! Bosi Lefkowitz katangaza kwamba studio itabaki na katuni moja tu: Kiboko Wakili wangu au Bata Mwizi wa mchoraji mwenzangu Halvorsen. Ijumaa hii katuni zote mbili zitaonyeshwa kwenye sinema moja ya Brooklyn, watazamaji waamue. Atakayeshindwa atakuwa msaidizi wa kupaka wino michoro ya mwenzake. Mimi! Miaka kumi na tisa nachora! Kiboko wangu anatetea wapangaji mahakamani. Bata wake anaiba mikate. Hapo pana mashindano kweli?

Jumanne, 6 Machi
Bosi kalalamika kwamba Kiboko anasimama dakika tatu nzima watu wakisoma hotuba yake kwenye pazia la sinema, kwa kuwa filamu hazina sauti. Eti wanaotaka kusoma waende maktaba. Halvorsen akadakia kwamba kwa maneno yale hata hakimu atahama mji. Ofisi nzima ikacheka. Wajinga! Nimeongeza hotuba ya pili.

Jumatano, 7 Machi
Nimempata! Kila mchoro una namba pembeni, na Amadeo wa kamera hupiga picha kwa kufuata namba tu, hata akisinzia. Halvorsen alipokwenda kula, nikafuta namba za Bata na kuziandika upya, ya mwisho ikawa ya kwanza. Mkono unauma. Dhamiri haina neno.

Ijumaa, 9 Machi
Balaa. Bata akatema mikate, ikaruka kurudi tanurini. Mvua ikapanda mawinguni. Polisi akakimbia kinyumenyume, akatumbukia ndani ya kofia yake mwenyewe. Ukumbi ulipasuka kwa kicheko! Mama mmoja nyuma yangu alimsihi mumewe amshike, mbavu zinamkatika. Halvorsen alibaki mdomo wazi, kisha akainama kupokea makofi. Mnafiki! Kiboko alipoanza hotuba ya pili, mtu akapaza sauti kwamba wakili aketi, mteja kashakubali kufungwa.

Jumatano, 21 Machi
Napaka wino Bata wa pili. Halvorsen ananiita mzee wangu, ananiomba nisitoke nje ya mstari. Bosi anataka Bata huyu awe wa ajabu kuliko wa kwanza, na Halvorsen hajui hata yule wa kwanza alimtengenezaje. Kaja kuninong'oneza kama nina wazo. Nimemkatalia katakata. Sisaidii adui!

Badala yake nimevuruga namba zote, na nusu ya michoro nimeigeuza miguu juu. Kesho inakwenda kwa Amadeo. Safari hii Halvorsen kwisha!