Mdhamini wa Nestor

Nestor, muuza unga wa muhogo wa kijiji cha Misiera, alikufa Jumanne alfajiri katika mahabusu ya kituo chetu kidogo cha polisi, hapa kambi ya wakimbizi ya Nakivale, Uganda. Alipigwa. Kosa lake lilikuwa kumcheka mkuu wa kituo, Afande Nehemiya, alipoanguka na baiskeli.

Mimi ni mkalimani wa kituo. Sikusoma sana, lakini kazi ya serikali naijua nikiiona. Asubuhi ile Afande alinisimamisha wima akatangaza kuundwa kwa Kamati ya Kudumu ya Kukomesha Vifo Mahabusu. Mwenyekiti yeye, katibu yeye, mjumbe mimi.

"Mwaka hii vifo hapa ni sufuri," alisema. "Itabaki sufuri. Huyu tunatoa na dhamana."

"Afande, amekufa."

"Wewe daktari?"

Sikuwa daktari. Hoja ikapita.

Tukajaza fomu: mshukiwa ameachiwa Jumatatu, saa kumi jioni, akiwa mwenye afya na shukrani. Tulimpaka wino kwenye dole gumba. Hakukataa. Ikabaki nafasi ya mdhamini. Nilizunguka Misiera mpaka adhuhuri, watu wakifunga maduka wakiniona. Fundi cherehani mmoja, Patient, aliniuliza, "Sasa papa, huyo akinitoroka, nitamutafuta fasi gani?"

"Basi dhamana naweka mimi," Afande akasema. Akaandika kwa mkono wake kwamba amempokea Nestor akiwa mzima, ametoka naye, na atamfikisha mahakamani Mbarara baada ya wiki mbili. Kisha Kamati ikaubeba mwili hadi kando ya barabara, na hapo ikauona kwa masikitiko makubwa.

Nabintu, mke wa marehemu, akaja.

"Muliniulia bwana."

"Hapana, mama. Sisi tulitoa yeye. Karatasi iko."

"Munipe kopi."

Afande alikuwa anaipenda sana karatasi ile. Alimpa kopi, akaigonga mihuri miwili.

Daktari wa Mbarara aliyeupima mwili aliandika kwamba kilichomuua ni fimbo. Haikutusumbua. Askari akituhumiwa kazini, anachunguzwa kwanza na kamati husika, na kamati husika ilikuwa sisi. Tulikaa dakika tano tukajipongeza.

Siku ya kesi, mahakamani Mbarara, jina la Nestor liliitwa mara tatu. Nabintu akasimama, akainua kopi yake na ripoti ya daktari. Hakimu, Bi. Hafswah, alizisoma polepole, akaanza kuuliza kwa Kiingereza, nami nikitafsiri.

"Afande, mdhamini ni wewe?"

"Ndiyo, Mheshimiwa."

"Ulitoka naye akiwa hai?"

"Hai kabisa! Alikuwa anatembea."

"Ukiwa kazini?"

Afande akakumbuka kwamba askari aliye kazini haruhusiwi kudhamini mshukiwa.

"Hapana, Mheshimiwa! Kazi nilikuwa nimetoka. Nilikuwa raia tu."

"Vizuri. Basi kamati ya polisi haikuhusu. Raia alimchukua mtu mzima saa kumi, na kesho yake mtu huyo ni maiti mwenye alama za fimbo. Raia huyo ajibu shtaka la kuua."

Afande alinigeukia. "Mwambie alikufa ndani!" alipiga kelele. "Alikufa kwangu, ndani ya selo!"

Nilitafsiri. Ndiyo kazi yangu.

Afande Nehemiya alifungwa miaka kumi na minane. Nabintu alikwenda Mbarara mara kumi na moja, mara nne kwa miguu hadi barabara ya lami, mtoto mgongoni. Nestor alikuwa na miaka thelathini na minne. Ameacha watoto watatu. Yule wa mgongoni hakuwahi kuitwa jina na baba yake.