Uwakala wa Mafuta na Ukuta wa Mkwe

Jumatatu, 3 Machi
Wamempa mkwe! Uwakala wa mafuta ya taa wa mtaa mzima kamati ya mtaa imempa mkwe mwenzangu, mama wa mke wa mwanangu, mwanamke anayemimina mafuta kama anamwagilia bustani. Na mimi niliyeomba pia je? Nauza mafuta ya taa kwa chupa tangu marehemu mume wangu aniachie pipa. Kuanzia mwezi ujao asiye wakala haruhusiwi kuuza hata tone. Pipa langu likinge maji ya mvua! Mwanangu kanishauri nikampongeze, tusiharibu undugu. Nimemkumbusha nani alimzaa mwenzake. Naenda mahakamani.

Jumatano, 5 Machi
Wakili ana tai ndefu na subira fupi. Nimemweleza kuwa mkwe hajui kazi. Kasema mahakama haitazami nani anajua kazi, inatazama kama kamati ilifuata taratibu. Zipi? Eti wajumbe wakague eneo la kila mwombaji, na mafuta yasikae karibu na moto. Kumbe! Kwangu hawakutia mguu. Kwa mkwe walifika, wakaishia barazani kunywa chai. Niliwaona. Wakili kaniuliza niliwaonaje, na nyumba zetu zimetenganishwa na ukuta. Nikamjibu ukuta si mbingu.

Alhamisi, 6 Machi
Wazo limenijia napiga mswaki. Kamati ikirudishwa kukagua, ikute moto kwa mkwe! Yule fundi wa kuchomelea vyuma, tunayemwita Cheche, amefukuzwa pembeni mwa barabara. Nimemwambia kwa mkwe kuna uwanja mtupu, akaombe kwa adabu, na jina langu alimeze. Mkwe kamkubalia papo hapo. Huruma itamuua yule. Jioni nikasikia vyuma vinalia. Nimekula nikaongeza.

Jumanne, 11 Machi
Mahakamani. Jaji ni mwanamke, rika la binti yangu wa mwisho, miwani imeteremka puani. Nilibeba faneli na dumu nimwonyeshe ninavyomimina. Askari wa mlangoni kavizuia, eti mafuta hayaingii. Dumu lina maji, baba! Hataki kusikia.

Wakili wa kamati kadai wajumbe walikagua kote na sahihi zao zipo. Kanigeukia: nilikuwa wapi hata nijue hawakukagua? Juu ya pipa langu, nikasema, nachungulia. Watu wakacheka. Nilichungulia kwa muda gani? akauliza. Mpaka birika likaisha, na yule mjumbe mnene akaomba sukari tena. Mjumbe mnene alikuwa amekaa nyuma ya wakili huyo. Akainama kutafuta kitu ambacho hakikuanguka.

Jaji hakucheka, ila miwani ilimtikisika. Uteuzi umebatilishwa! Kanionya kwamba hajanipa uwakala mimi, kamati ikague upya kwetu sote ndipo iamue. Mwisho huo sikuusikiliza sana. Nilishapiga kigelegele, askari akanitoa nje.

Kwenye ngazi mkwe kanishika mkono nisije nikaanguka. Majivuno yale! Nimemwacha anishike. Goti linauma.

Ijumaa, 14 Machi
Siku ya kulaaniwa. Wajumbe wamekuja na kamba ya kupimia, na chai wameikataa. Wameanza kwa mkwe. Mimi nikapanda juu ya pipa.

Masikini mimi! Cheche hakukaa katikati ya uwanja. Jua kali, kafuata kivuli, kajibanza ukutani, nyuma kabisa. Mapipa ya mkwe yako mbele, barabarani. Wakapima. Mbali. Wakaridhika. Na upande wa pili wa ukuta ule, nyuma kabisa, kuna nini? Pipa langu, na mimi juu yake!

Walipoingia kwangu bado nilikuwa sijashuka. Cheche ya moto ikaruka ukuta ikanitua kwenye gauni. Mjumbe mnene akaizima kwa kofia. Alinipiga zaidi ya ilivyohitajika. Kamba hawakuifungua hata kidogo.

Mkwe kapewa tena. Safari hii kihalali.

Jumapili, 16 Machi
Sijatoka nje. Nimelifuta pipa vumbi, halina vumbi. Nimelifuta tena.

Mchana mkwe kabisha hodi. Cheche kamweleza yote, mdomo wake hauna kifuniko. Nikakaa mkao wa kutukanwa. Hakutukana. Kasema uwakala kaupata, kumimina hajui, na wateja wanamuulizia mama wa pipa. Niende nikasimamie mafuta kwake, sisi ni ndugu, mjukuu wetu mmoja. Nimemwambia nitafikiria. Nilishafikiria kabla hajamaliza kusema, lakini acha ahangaike kidogo.

Jumatano, 19 Machi
Nimeanza kazi. Foleni mpaka kona. Tone halijaanguka. Mkwe kasimama ananitazama, kakiri kuwa hajawahi kuona mkono kama huu. Nimemkaripia atoke juani, asije akaugua bure.

Mteja kaleta habari: kamati itatoa uwakala wa mitungi ya gesi. Mkwe ataomba. Mimi je, nina kilema? Nimejifunza, sitaweka kitu nyuma tena. Banda langu la gesi litakaa mbele kabisa, ukutani, watu walione. Nimemnong'oneza Cheche kwamba nyuma kule jua linamwonea, ahamie mbele kwa mkwe. Kasema mbele pia kuna kivuli kizuri, pale pale ukutani. Nimemwambia awahi.

Wakili nimemwambia asiifungue tai, huenda tukarudi mahakamani.