Watunzi wa Kale Wafike Wenyewe

Waswahili wote wa Durban walitangaziwa rasmi, kwa karatasi iliyobandikwa katika kila saluni ya katikati ya mji, kwamba Tamasha la Fasihi ya Mwaka 500 hadi 1000, kwa lugha zote za dunia, lingefanyika Jumamosi katika ukumbi wa Berea. Ufunguzi ulikuwa wa watunzi wa zama hizo tu. Wafike wenyewe, saa tatu asubuhi, na nakala ya kitambulisho iliyogongwa muhuri polisi ndani ya miezi mitatu.

Ladislaus, Mwenyekiti wa Muda wa chama kilichoandaa tamasha, hakuona dosari yoyote. Kwa katiba ya chama, mwenye kufungua tamasha ndiye Mwenyekiti wa Kudumu. Asipotokea mtu, angefungua yeye, kwa utenzi wa beti tisini alioutunga mwezi uliopita kwa roho ya mwaka 812. Kwa kujihami, alichomeka Ibara ya Saba: umri wa utungo ni ule anaoutaja mtunzi, mpaka apingwe na mtunzi mwenzake wa zama hizo.

Saa tatu kamili Irene, katibu, alifungua daftari.

"Watunzi wa Kiarabu?"

Irene alitia mkato, akaendelea.

"Kilatini? Kichina?"

Gustave wa duka la simu alikohoa. Akaambiwa kikohozi si lugha.

"Andika: hawakufika, wala hawakutoa udhuru," Ladislaus alisema kwa masikitiko ya kiofisi, tayari akikunjua utenzi wake. "Watu wa dharau sana hawa."

"Papa Mwenyekiti, ngoja kwanza."

Alikuwa Médiatrice, msusi, kitana bado kimechomekwa kichwani.

"Miye niko hapa. Kitambulisho iko hii. Muhuri ni ya jana."

"Na utungo?"

"Wimbo ya kulilia mufalme. Mama ya mama yangu aliniachia mu kinywa. Kwetu, mwenye kuimba njo mwenye wimbo."

"Una umri gani huo wimbo?"

"Miaka elfu moja na mia mbili."

"Nani kasema?"

"Miye. Soma Ibara ya Saba, Papa."

Ukumbi uliangua kicheko mpaka viti vikalia.

"Napinga!"

"Kwa cheo kipi, Mwenyekiti?" Irene aliuliza, kalamu juu.

"Kama mtunzi wa mwaka 812!"

"Kitambulisho, tafadhali."

Akatoa nakala. Irene aliigeuza, akahesabu kwa vidole.

"Miezi minne."

"Irene, mwanangu, sisi si watu wa nyumbani?"

"Shikamoo, mzee. Miezi minne."

Kituo cha polisi kilikuwa baada ya robot ya pili, kama Durban inavyoziita taa za barabarani. Ladislaus alitoka mbio, tai begani. Nyuma yake wimbo ulianza, mzito, wa mtu anayemwita mfalme aamke na mfalme haamki. Hata waliofuata chapati waliacha kutafuna.

Kwenye foleni, kwa kujihami, alijaza na hati ya kiapo. Mama wa polisi aliisoma mara mbili. Hakucheka.

"Baba, umezaliwa mwaka 812?"

"Kwa madhumuni ya kiofisi, ndiyo."

"Sharp. Mimi sina shida." Aliurudisha muhuri mezani taratibu. "Rudi Jumatatu na shahidi mmoja. Awe wa rika lako."