Wenye Jina Langu

Jumatatu, 3 Machi

Vita mezani. Mtoto anazaliwa wiki hii, na vipimo vinasema ni wa kiume. Mama mkwe anataka apewe jina la marehemu mumewe. Mimi nataka langu. Mke wangu, tumbo limemfika puani, kasema jina langu halina lolote, hata mbwa hajawahi kupewa. Hata mbwa! Nimeumia. Nitawaonyesha. Naanza kuchunguza ni nani na nini duniani vinaitwa kama mimi.

Jumanne, 4 Machi

Ajabu! Kuna magofu ya Wamaya yenye jina langu hasa. Yako msituni, tena yana piramidi! Wamaya hawanijui, mimi siwajui, tumekutana wapi? Nimesoma mpaka chai ikapoa. Nikamkimbilia mke wangu. Akauliza wenyeji wako wapi siku hizi. Nikakiri walihama wote. Akasema anawaelewa.

Kuna pia mdudu anayetoboa mahindi. Huyo nimemnyamazia.

Jumatano, 5 Machi

Mdudu kajulikana. Mama mkwe kamfukua mwenyewe kwenye simu, na juzi tu alikuwa hajui kuiwasha! Kutwa nzima kila nikipita jikoni anafunika unga.

Haidhuru. Nimepata mtu: mchora tatuu, mtaa wa nyuma ya duka la dawa. Jina lilelile! Nimemwalika kesho mchana. Nimemsihi avae mikono mirefu na alisifie jina letu.

Alhamisi, 6 Machi

Kaja na fulana isiyo na mikono. Nyoka wawili shingoni, chui begani. Nilitamani ardhi ipasuke. Akamwamkia mama mkwe kwa adabu, akaona picha ya marehemu ukutani, akaomba penseli. Akamchora, hadi kovu la kidevuni. Mama mkwe akalia. Mke wangu akalia. Mimi nikaosha vyombo. Jina letu alilitaja mara moja tu akijitambulisha, hakulisifu hata kwa neno. Msaliti mkubwa!

Jumamosi, 8 Machi

Dume! Lina sauti ya kuamsha mtaa. Nimempakata, nimelia, sioni haya kuandika.

Mama mkwe katangaza wodi nzima isikie: mtoto kapewa jina la yule kijana mchoraji. La mchoraji, akarudia, si la baba yake. Mke wangu kakubali palepale. Wauguzi wakaniambia nimpelekee mchoraji hongera zake.

Mimi nacheka kimoyomoyo. Hawajashtuka kabisa kwamba ni jina langu! Nimewapiga chenga wote. Mtoto wa pili atapewa la baba yangu. Nimeshampata mchinjaji anayeitwa hivyo, anakuja kula kwetu Jumanne.