Vibuyu vya Mzee Mikidadi

Jumatatu, 1 Machi 1909
Morogoro mjini. Gulam mwenye duka ameletewa santuri kwa gari moshi. Mji mzima umehamia barazani kwake kusikiliza sanduku linaloimba. Benchi langu la kahawa tupu. Hata Yunusi, anayekunywa kwangu tangu reli haijafika, leo kapita bila kunitazama. Nimeumia.

Lakini dawa ya Gulam ninayo. Ijumaa ni arobaini ya Mzee Mikidadi wa Matombo, mtu wa kwanza kufunga sauti. Alikuwa mrina asali. Siku moja aliziba kibuyu kwa nta, akafika nyumbani akakizibua, na nyuki wakavuma nyumba nzima ilhali hamna nyuki hata mmoja. Mwingine angekimbia. Yeye alikaa akafikiri. Leo Uluguru nzima hakuna nyumba isiyo na kibuyu chake: kilio cha kwanza cha mtoto, dua ya babu. Santuri ni nini mbele ya hayo? Nikipata kimoja tu, Gulam ataificha santuri yake uvunguni. Vibuyu vitarithiwa na mwana wa Mzee, Dadi. Basi Dadi ni rafiki yangu kuanzia leo.

Jumatano, 3 Machi
Matombo. Kanzu ina tope hadi kiunoni. Nimempa shikamoo kila aliyenizidi ndevu. Dadi ni mpole, rika langu. Nimemletea halua na kahawa, nimempepea, nimembebea mkungu wa ndizi mlimani. Anapokea vyote. Kila nikitaja mali ya baba, anatabasamu. Mambo yanakwenda vizuri sana.

Vibuyu vinaning'inia darini, vyeusi kwa moshi. Dadi kanionyesha cha kwanza kabisa kutiwa sauti ya mtu. Humo anaimba marehemu Mwaisha, dada wa Mzee, akimbembeleza mwanawe. Aliugua, na kaka yake hakustahimili sauti ile iende udongoni. Dadi akanionya: kibuyu kikiwa wazi, usiseme. Ukinyamaza, sauti hurudi ndani yenyewe. Ukisema, neno lako huingia, na iliyokuwamo hutoka isirudi tena. Nikamwambia nimeelewa. Nilikuwa nawaza nitapata wapi mabenchi zaidi.

Ijumaa, 5 Machi
Sijui niandikeje. Baada ya hitima walizibua kibuyu cha mvua. Jua linawaka, na mvua ikanyesha masikioni mwetu, kwanza kwenye majani ya migomba, kisha juu ya mapaa. Kuku wakakimbilia chini ya ghala. Shehe akajifunika kichwa. Hakuna aliyelowa, hakuna aliyethubutu kukohoa. Mvua ile, waliniambia baadaye, ilinyesha kabla Wajerumani hawajaja. Machozi yalinitoka mbele za watu na sikuyafuta. Mrina asali, binadamu kama mimi, aliishika mvua!

Kisha wazee wa ukoo wakakata shauri. Vibuyu vyote kwa Chausiku, binti wa Mwaisha. Dadi hata kimoja! Nilimvuta pembeni nikamwuliza mbona hakuniambia. Akashangaa. Akasema Mluguru ni wa ukoo wa mama yake, na mali ya mjomba huenda kwa watoto wa dada. Yeye migomba yake alipewa na mjomba wake zamani. Alidhani najua, kila mtu anajua. Akauliza kama halua imebaki.

Jumamosi, 6 Machi
Nimehamia kwa Chausiku, na kahawa iliyosalia. Ana mimba ya kwanza. Mama yake alifariki yeye akinyonya, hamkumbuki hata kidogo. Mjomba hakukubali kukizibua kibuyu kile, alihofia mtu asije akapiga chafya. Alisema kingoje siku Chausiku atakapobeba mimba. Sasa anataka kukisikia, halafu akitunze mtoto aje amsikie bibi yake. Nimemsihi anikaribishe. Akaniambia nikae ukutani, ninyamaze.

Akabandua nta. Sauti ikatoka, nyororo, ina kikohozi katikati, na mtoto mchanga anacheka. Anayecheka ni Chausiku mwenyewe! Alikuwa kafumba macho, midomo inaufuata wimbo, mkono uko tumboni. Sijapata kusikia kitu kizuri kama kile tangu nizaliwe. Nikasema, tena kwa sauti kubwa, kwamba Gulam atakoma.

Wimbo ukatoka mlangoni. Tukausikia ukiteremka bondeni, ukipungua, hadi ukaisha. Chausiku hakunitukana. Alikiziba kibuyu, akakipakata. Kisha akaniomba, kwa adabu, niondoke. Nikiwa uani navaa makubadhi nilimsikia akiuimba yeye, tangu mwanzo, na kikohozi kile kile mahali pake.

Jumatatu, 8 Machi
Morogoro. Watu bado wako kwa Gulam. Waache. Nimefikiri njia nzima na nimeona jambo ambalo Chausiku hakuliona kwa huzuni yake: katika kibuyu kikuu kuliko vyote, kazi ya mikono ya Mzee Mikidadi, imo sauti yangu. Gulam hana heshima hiyo. Dadi hana. Bwana Mkubwa wa bomani hana. Mtoto yule akikua atakizibua, na atanisikia mimi. Nimemweleza Yunusi, naye karudi zake kwa Gulam.

Kinachonisikitisha ni kwamba nilisema ghafla, bila kujiandaa. Kesho napanda tena Matombo. Nitamwomba Chausiku akifungue kidogo tu, niseme upya, taratibu, nikianza na jina langu: Stambuli, kahawa ya tangawizi, mkabala na stesheni.