Thelathini kwa Mia za Mkaza Mwanangu

Sornammal, mjane,
Mtaa wa Wafuma Nguo,
Tenkasi.

Kwa Bwana Wakili Soundararajan, mtetezi wa kampuni ya bima ya lile lori la mchanga.

YAH: KOSA LA MAREHEMU POONGODI LA KUKAA UPANDE

Bwana Wakili,

Pokea heshima zangu zote. Sisi hapa hatujambo, isipokuwa aliyekufa.

Nimesomewa hoja uliyopeleka kwenye baraza la madai ya ajali. Unasema mkaza mwanangu Poongodi, aliyegongwa na lori akiwa nyuma ya mumewe kwenye skuta, alichangia kifo chake kwa asilimia thelathini, kwa kuwa alikaa upande, miguu yote miwili kushoto. Kwa hiyo fidia ipunguzwe kiasi hicho. Hoja ni nzuri, ina mihuri mitatu. Ila nina malalamiko machache, nawe uyapokee kwa moyo mkunjufu.

1. Mimi ni mama mkwe. Kutafuta makosa ya Poongodi ilikuwa kazi yangu kwa miaka kumi na minne, na sikuifanya kivivu. Nilimkuta amezidisha chumvi, nilimkuta anaongea na mama yake kwenye simu hadi maziwa yakafurika jikoni, nilimkuta akicheka peke yake. Nikijumlisha yote, na vikombe alivyovunja nikavitia humo, sifiki kumi kwa mia. Wewe umemwona kwenye picha tu, tena ya maiti, ukafikisha thelathini. Jamani! Kipaji hicho kinapotea bure mahakamani. Ungezaliwa mama mkwe.

2. Ijumaa iliyopita nilikuona langoni mwa hekalu na mkeo nyuma yako kwenye skuta, kakaa upande, kapakata kikapu cha nazi. Naomba umjulishe mapema asilimia zake ni ngapi. Si vizuri mtu azipate wakati hawezi tena kuuliza.

3. Umeliambia baraza kwamba angekaa kiume angepata pa kushika. Ashike nini, baba? Lori lilichomoka nyuma ya basi pale kwenye kona ya kinu cha mpunga, likaja upande wao wa barabara. Dereva wako alikuwa na usukani mzima wa kushika, akashika simu. Hilo alikiri mwenyewe kwa polisi, lakini kwenye hoja yako sikulisikia.

4. Umetaka pia theluthi ya fidia ikatwe, kwa kuwa pesa hiyo angeila mwenyewe kama angekuwa hai. Theluthi! Poongodi alikula baada yetu sote, amesimama jikoni, ukoko na mchuzi uliobaki. Kama kuna aliyekula theluthi humu ndani, ni mimi.

5. Lakini ukishikilia kwamba kosa ni nyama ya sherehe, kila mtu lazima apate kipande, basi tugawe kwa haki. Muuza maua apewe kumi, maana alipima asumini za nywele taratibu mno, wakachelewa. Mnajimu kumi, ndiye aliyesema Alhamisi ni siku njema. Bibi harusi waliyekuwa wakimwendea ishirini. Asingeolewa, wasingetoka nyumbani. Kampuni yako ishirini, kwa kupokea ada ya bima ya lori kila mwaka bila kuuliza dereva ni mtu gani. Ongeza zile thelathini ulizompa Poongodi. Dereva anabakiwa na kumi tu, maskini, na nasikia taa yake moja ilivunjika. Tafadhali niandikie tumlipe vipi.

6. Hili la mwisho silo la mzaha. Yazhini, binti wa marehemu, ana miaka kumi na mmoja na anasoma kila karatasi inayoingia humu. Juzi kaniuliza, "Bibi, kwa hiyo mama alijiua kidogo?" Nilifuta macho, nikasingizia moshi wa jikoni. Ya pesa tutagombana baadaye. Huo mstari uufute kabla ya Jumanne, siku ya kusikilizwa shauri. Nyumba hii hakuna aliyekosa. Hakuna hata mmoja.

Nisalimie mkeo, makarani wa baraza, na yule bwana anayepiga mihuri. Mwanangu Chelladurai angekusalimu, ila tangu siku ile hasemi sana.

Wako katika kutafuta makosa,
Sornammal

N.B. Barua nilishaifunga, nimeifungua tena. Asubuhi ile Poongodi alitoka amevaa suruali na gauni refu, akapanda skuta mguu huku na mguu huku. Nikampigia kelele kutoka mlangoni: "Wewe, shuka! Unakwenda harusini au vitani? Mke wa nyumba hii hakai kama mwanamume. Majirani wakuone?" Akasema, "Haya, mama," akarudi ndani, akavaa sari, akakaa upande kama nilivyotaka. Kwa hiyo hizo thelathini zipo, Bwana Wakili, ila jina umekosea. Andika Sornammal. Yeye usimwachie hata moja. Jumanne nitakuja kuapa, na Yazhini nitakuja naye, asikie kwa kinywa changu.