Wageni wa Ogola

Jumatatu, 3 Machi 2025
Jirani yangu Ogola ana malaria. Mtaa wetu mzima wa Kaloleni umehamia kwake! Uji, samaki, maombi, vicheko. Ukuta wetu ni mmoja, nimesikia yote. Mimi tangu nije hapa kutoka Bungoma, mgeni wangu ni msoma mita ya maji, naye huishia nje. Wivu umenifanya niache ugali, nitege sikio ukutani.

Jumanne, 4 Machi
Nimeamua. Nami naumwa! Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Kupona sitaki, nataka mgeni. Nimenunua viti vya plastiki na soda. Kisha nikamnong'oneza Mama Becky, muuza samaki wa pale langoni, kwamba homa imenilaza ila asimwambie mtu. Siri ukimpa Mama Becky, jioni imeshafika mji wa Ahero.

Jumatano, 5 Machi
Wamekuja! Watu wa kanisa, tena wengi. Nikajifunika blanketi. Nikawasikia wakiulizana mlango wa Wasike, yaani mimi, ni upi. Hakuna aliyeujua! Wakabisha kwa Ogola. Ogola, ambaye ameshapona bila aibu, akawaambia mgonjwa amelala, waingie kwanza wapate chai. Wakaingia. Hawakutoka. Wameniombea kwa sauti kubwa, upande wa pili wa ukuta.
Halafu mlango wangu ukagongwa. Moyo ukaruka! Ni Ogola. Ati pole sana Bwana, wageni wamezidi, je, nina viti? Nikampa vyote. Nilimsaidia hata kuvibeba. Kukohoa nilikumbuka nikiwa njiani.

Alhamisi, 6 Machi
Ogola amekuja peke yake na mchuzi wa samaki mbuta. Akakalia ndoo, maana viti vyangu bado viko kwake. Akasema tangu mkewe Celestine apate kazi Sondu, nyumba ikinyamaza anaogopa, ndiyo maana anaita watu. Kila jioni husikia redio yangu, anatamani kubisha, ila alidhani sipendi watu. Nilikaribia kulia. Kisha nikaona: hata upweke wake ni mtamu kuliko wangu! Roho imeniuma upya.

Ijumaa, 7 Machi
Ogola amenialika chakula Jumapili. Nimekataa. Nikitoka, wageni wangu watamkuta nani? Kosa langu lilikuwa ugonjwa mdogo. Safari hii nitafiwa. Matanga hayawezi kuhamia kwa Ogola! Shangazi wa Webuye hanipigii simu hata siku moja, basi huyo atatosha. Viti nimevirudisha kwangu. Mama Becky nimeshamnong'oneza. Nimemwomba asimwambie mtu.